Ngojaumande, mkuki wa Kilindimo: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Ngojaumande ni nini?

Ni mkuki wa kurusha katika Kilindimo, dunia ya kubuni inayotumika kwenye hadithi, maigizo na mchezo wa dadu. Kilindimo haimo kwenye ramani yoyote, ila baridi yake, mabonde yake na mwendo wa watu wake vimekopwa Nyanda za Juu Kusini. Mtu wa Makete anaijua sakitu ya asubuhi, yaani umande ulioganda, kwa nyayo zake. Hana haja ya kuazima theluji ya nchi asiyofika.

Mkuki huu una ajabu moja tu: ukitajiwa jina la mtu unayemlenga, haukosi. Hauongei, hautoi moto, haumpi mshikaji nguvu za simba. Mambo mengine yote yanayoulizwa kwenye ukurasa huu yanatoka kwenye ajabu hiyo moja na masharti yake.

Masharti yake ni yapi?

Ni matatu. La kwanza, umande uwe bado upo kwenye majani pale aliposimama mrushaji. La pili, mrushaji ataje jina ambalo mlengwa alipewa na mama yake, kwa sauti inayosikika. La tatu ndilo zito: mkuki hurudi kwa aliyeurusha, lakini haurudi kwa kuruka. Hurudi kwa mwendo wa mtu anayetembea, kwa njia ambayo mtu angepita, na mpaka ufike, mkono uliourusha unakuwa umekufa ganzi kuanzia kiwikoni hadi kwenye kucha.

Wengi hupenda sharti la jina kwa sababu lina siri ndani yake. Sharti linaloendesha hadithi ni la tatu. Umbali ni muda, na muda ni mkono usiofanya kazi. Anayemrushia adui aliye karibu analipa kidogo. Anayemrushia wa mbali analipa sana. Huhitaji kubuni laana nyingine juu yake.

Kurudi kwa mwendo wa mtu ni muda gani kwa hesabu?

Tumia kilomita 5 kwa saa kwenye tambarare na kilomita 3 kwa saa kwenye mlima. Kwa mwendo wa tambarare, mita 30 ni sekunde 22 hivi, mita 200 ni dakika 2 na sekunde 24, kilomita moja ni dakika 12. Kilomita 15, yaani kama kutoka Iringa mjini hadi Kalenga, ni saa 3 kamili.

Mtego upo kwenye mabonde. Mkuki huenda kwa mstari wa hewa lakini hurudi kwa njia ya miguu. Chukua ukingo mmoja wa bonde, adui amesimama ukingo wa pili, kilomita 2 kwa macho. Unamwona anapuliza chai yake. Mkuki unafika mara moja. Kurudi sasa: ushuke kwenye mashamba ya ngano, ufuate mto mpaka kwenye kivuko, upande upya kwa kona za njia ya ng'ombe. Njia hiyo ni kilomita 9, na karibu yote ni mteremko na mpando, hivyo ni saa 3. Kwa saa 3 mrushaji hawezi kufunga mkanda, kushika hatamu, wala kumbeba mtoto kwa mkono huo. Walioko ng'ambo wanajua hilo pia, nao wana miguu.

Kosa la kawaida la waandishi wapya ni kupima umbali kwa rula juu ya ramani yao. Chora njia kwanza, weka vivuko, halafu ndipo upime.

Mkuki ukikuta mto umefurika?

Unasubiri ukingoni kama mtu yeyote mwenye akili. Mkono nao unasubiri.

Mrushaji akiufuata mkuki njiani je?

Inaruhusiwa, na ni ujanja wa kwanza ambao wachezaji huugundua. Wote wawili wakitembea kwa mwendo uleule watakutana katikati, kwa hiyo muda unapungua nusu: saa 3 inakuwa saa 1 na nusu. Ubaya wake ni kwamba mrushaji ameacha ngome yake na anatembea kuelekea upande wa adui akiwa na mkono mmoja. Usiufunge mwanya huu. Hadithi nzuri nyingi za Kilindimo zinatokea kwenye njia hiyo.

Mtu mwingine akiudaka njiani?

Mkuki ukishikwa unasimama, haupigani. Aliyeushika hawezi kuurusha kwa ajabu yake, kwa sababu bado una deni kwa mrushaji wa kwanza. Mikononi mwake ni mkuki wa kawaida. Akiuachia, unaendelea na safari. Akiufungia ghalani miaka kumi, mkono wa mrushaji utakuwa na ganzi miaka kumi. Ndiyo maana huko Kilindimo watu huuteka mkuki badala ya kumteka mwenyewe.

Mrushaji akifa kabla haujarudi, unajisimika hapo hapo ulipofika, tako chini na ncha juu, na deni linaisha. Yeyote atakayeung'oa anaanza upya.

Kwa nini umande, na unapatikana saa ngapi?

Hapa fizikia ya kawaida inafanya kazi yote, na inafaa kuielewa kabla ya kuandika. Usiku usio na mawingu, ardhi na majani hupoteza joto kwenda angani. Jani likipoa kuliko hewa inayoligusa, mvuke ulio kwenye hewa hiyo hugeuka matone. Mawingu yakitanda hulirudisha joto chini, na upepo huichanganya hewa ya juu na ya chini; kwa vyovyote vile jani halipoi vya kutosha. Kwa hiyo usiku wa mawingu mazito, au wa upepo mkali kama ule wa Iringa, asubuhi yake majani ni makavu na Ngojaumande ni fimbo yenye chuma.

Wahusika wako wajue kusoma anga. Jioni tulivu yenye nyota nyingi, kesho mkuki utafanya kazi. Upepo ukianza kugonga mabati usiku wa manane, mlinzi anaweza kulala.

Mvua si umande. Majani yaliyolowa mvua hayahesabiki, na swali hili huulizwa sana na watu wa Tukuyu, ambako mvua ni ya kila siku kwa miezi mingi. Ukungu nao unaleta ubishi: kwa kanuni ya Kilindimo, matone yaliyoletwa na ukungu yanahesabika, kwa sababu hakuna mhusika anayeweza kuyatofautisha na umande akiwa ameinama gizani.

Sakitu je?

Umande ulioganda hauhesabiki mpaka uyeyuke. Kwenye nyanda za juu kama zile za Kitulo, karibu mita 2,600 kutoka usawa wa bahari, asubuhi za Juni na Julai majani huwa meupe na yanavunjika chini ya kiatu. Jua likipiga, sakitu inakuwa maji. Baada ya muda mfupi maji yanakuwa mvuke. Kati ya hapo kuna dirisha dogo. Kwenye mchezo wa dadu tumia dakika 40, na uanze upande wa mlima unaotazama mashariki, kwa sababu ndiko jua linakofika kwanza. Jeshi lililojipanga upande wa magharibi litaangalia wenzao wakirusha huku majani yao bado ni barafu.

Jina la mama maana yake nini? Cheo au jina la utani havitoshi?

Havitoshi. "Mama Neema" si jina lake, ni jina la mtoto wake. "Chifu" ni kiti. Jina la ubatizo linakubalika iwapo tu ndilo alilopewa tangu kuzaliwa. Kwa kuwa watu wa Kilindimo, kama watu wengi wa kwetu, hukusanya majina njiani mwao, kulijua jina la kwanza la mtu ni kazi ya wiki nzima: umtafute mkunga, shangazi, au bibi mwenye kinyongo. Mara nyingi anayeuza jina ndiye mhusika mwenye uzito kuliko mrushaji.

Mnyama hana jina la mama, hivyo ajabu haifanyi kazi kwake. Waliosema mkuki kwa nguruwe mtamu, kwa binadamu mchungu, hawakuwa wanazungumzia Ngojaumande, lakini kanuni inakaa vizuri: kwa nguruwe ni mkuki tu, hauna ganzi wala deni, unauokota mwenyewe.

Vipimo vyake ni vipi?

Urefu wote ni sentimita 165. Chembe, yaani kile chuma chenye makali, ni sentimita 32 kwa urefu na 5 kwa upana pale inapotanuka zaidi, umbo la jani la mhindi mchanga, na mgongo uliosimama katikati pande zote mbili. Inafuata shingo ya chuma ya sentimita 8, kisha mti wa sentimita 125 wenye kipenyo cha sentimita 2.2. Mkia wa chuma wa sentimita 10 umezama ndani ya mti na hauonekani. Kwenye tako kuna pete ya chuma ya gramu 60.

Uzito: chuma cha mbele gramu 400, mti wa gramu 350 hivi, na pete. Jumla ni kama gramu 810. Hiyo inakaribiana na mkuki wa riadha wa wanaume, ambao ni gramu 800, ingawa ule ni mrefu zaidi, mita 2.6 hadi 2.7. Ukiuweka juu ya kidole, Ngojaumande utakaa sawa kwenye sentimita 67 kutoka nchani, yaani sentimita 15 mbele ya katikati. Mkuki wa kurusha lazima uwe mzito mbele. Ukiwa mzito nyuma, unashuka kwa ubavu au kwa tako.

Na kama mnataka kulinganisha na uwezo wa binadamu bila ajabu yoyote: rekodi ya dunia ya kurusha mkuki kwa wanaume ni mita 98.48, ya Jan Železný, Jena, Ujerumani, mwaka 1996. Hiyo ni kwa chombo kilichoundwa kwa ajili ya umbali, mbio za kujiandaa, na hakuna anayekimbia upande wa pili. Mhusika wa kawaida anayelenga mtu aliyesimama mpeni mita 20 hadi 30.

Mti wake ni wa aina gani?

Kwenye hadithi, mkole. Ni mti mdogo wenye fito zilizonyooka na unyumbufu, na kwa asili ndio unaotumika kwa pinde na fimbo. Wengi huandika mpingo kwa sababu ni mweusi na unaonekana wa kifalme. Hesabu inawakataa. Mti wa ukubwa tuliotaja una ujazo wa sentimita za ujazo 475. Kwa mti wa kawaida mgumu huo ni gramu 350 hivi. Kwa mpingo, ambao ni mzito kuliko maji na huzama, unafika gramu 570. Mkuki mzima unavuka kilo moja, na kitovu cha uzito kinarudi nyuma hadi sentimita 75. Bado utaruka, ila utauchosha mkono na ncha itachelewa kushuka.

Msindano wa mashamba ya Mufindi ni mwepesi na unapatikana kila kona, lakini una mafundo, na fundo ndipo mti unapokatikia. Mkaratusi mbichi ukikauka hujipinda. Ukiutaka, ufunge kwenye boriti iliyonyooka sehemu yenye kivuli kwa miezi kadhaa, ukiugeuza kila wiki.

Chuma chake kilitoka wapi?

Kilindimo haina kiwanda, kwa hiyo chuma chake kiliyeyushwa kwa njia ya kale. Mfano mzuri upo Ufipa. Wafipa walijenga tanuri refu la udongo liitwalo ilungu, la mita 3 hivi kwenda juu, lililovuta hewa lenyewe kupitia matundu ya chini bila mivukuto. Chuma kilichotoka humo kilikuwa na takataka nyingi, kikapelekwa kwenye tanuri dogo la pili, kintengwe, lililopulizwa kwa mivukuto, ndipo mhunzi akakipokea. Wakinga na Wapangwa nao walikuwa na sifa ya uhunzi, na Liganga, kule Ludewa, mlima wenyewe ni mawe ya chuma.

Jambo la kushika ni hili: tanuri la namna hiyo halikifanyi chuma kuwa uji. Chuma safi huyeyuka kwenye nyuzi 1,538 za Selsiasi, na tanuri la udongo na mkaa halifiki huko. Kinachotoka ni donge gumu lenye matundu kama sponji, limechanganyika na kioo cha takataka, nalo hupigwa likiwa la moto mkali mpaka takataka zimwagike. Kwa hiyo sentensi ya "akamimina chuma kwenye kalibu, mkuki ukatoka" ifutwe. Mkuki haumiminwi. Hufuliwa.

Kosa jingine ni lile la kutumbukiza chembe majini ikatoka ngumu kama almasi. Chuma laini chenye kaboni kidogo hakigeuki kigumu kwa kupozwa ghafla. Kinatoka kimepoa tu. Mhunzi wa Kilindimo anapata ugumu kwa kupigapiga makali yakiwa baridi, polepole, kwa nyundo ndogo.

Nataka fundi anifulie wa kweli wa kutundika ukutani. Nimwambie nini?

Mpelekee vipimo vya hapo juu vikiwa vimechorwa kwa ukubwa halisi kwenye boksi, si picha ya simu. Mafundi wengi hutumia springi kuukuu ya gari. Ni chuma kizuri, kina kaboni ya kutosha kushika makali, na hapo ndipo kanuni inageuka: springi ikipozwa ghafla inakuwa ngumu kweli, na ikipozwa kwenye maji badala ya mafuta mara nyingi hupasuka. Ufa wenyewe ni mwembamba kama unywele na unaweza kuonekana siku tatu baadaye. Kwa mkuki wa ukutani mwambie asiipoze ghafla kabisa. Aifukie kwenye majivu mpaka asubuhi. Hauhitaji makali; makali ya mviringo yanatosha na watoto hawatakatwa.

Akague pia ufa wa zamani. Springi iliyotolewa kwenye lori ilitolewa kwa sababu fulani.

Kuunga chuma na mti: tundu la mkia litobolewe dogo kidogo kuliko mkia, kisha mkia upashwe moto na kusukumwa polepole ili ujichomee nafasi yake. Mti uwe mkavu kabisa. Ukiwa mbichi utasinyaa baadaye na chembe itaanza kucheza. Juu ya kiungo zungusha ukanda wa ngozi mbichi iliyolowekwa, sentimita 12 za mti zifunikwe, uache ukauke kivulini. Ngozi ikikauka hujibana na kushika kuliko gundi nyingi. Ukiuweka juani ili uwahi, itapasuka kwenye mshono.

Wa jukwaani unatengenezwaje?

Hapa tunasisitiza: mkuki wa maigizo usiwe na chuma, mbao iliyochongoka wala mwanzi. Mwanzi unaonekana mzuri na kijijini ni bure, hasa palipo na mianzi ya ulanzi, lakini ukipasuka unatoa vibanzi virefu vyenye makali kama wembe.

Mahitaji ya mkuki mmoja: bomba la plastiki la nyaya za umeme la milimita 20, urefu wa sentimita 135, fito nyembamba inayopita ndani yake, mkeka wa sponji ngumu wa mazoezi wa milimita 10 (ndala kuukuu zinafaa kwa mikuki ya watoto), gundi ya mpira ya mafundi viatu, gundi nyeupe ya mbao, rangi ya fedha ya kupuliza, dawa nyeusi ya viatu, na kanga au kitambaa chakavu cha pamba.

Ingiza fito ndani ya bomba ili lisilegee. Bila fito, bomba lililoachwa kwenye jua la saa saba litakuwa upinde. Kata vipande viwili vya sponji vyenye umbo la jani, sentimita 42 kwa 7, vipana kuliko chembe ya kweli kwa sababu jukwaani vitu huonekana vyembamba. Sentimita 10 za chini zitalalia bomba. Chonga mfereji kwenye uso wa ndani wa kila kipande kwa ajili ya ncha ya bomba, nayo izibwe kwanza kwa donge la sponji. Paka gundi ya mpira pande zote mbili, kisha usubiri. Hapa ndipo wengi huharibu: gundi hiyo hushika ikiwa imekauka mpaka ukiigusa hainati kidoleni, dakika 10 hadi 15 Mbeya mjini, zaidi ya hapo Njombe wakati wa baridi. Ukibandika ikiwa mbichi, chembe itafunguka mbele ya watazamaji.

Mgongo wa chembe unaupata kwa kubandika ukanda mwembamba wa sponji katikati kila upande. Paka gundi nyeupe iliyozimuliwa kwa maji kidogo, mara tatu, kila safari ikauke. Bila hiyo, sponji inanyonya rangi na kubaki na rangi ya jivu lililolowa. Puliza fedha ukiwa umbali wa sentimita 25, kisha sugua dawa ya viatu kwenye pembe za mgongo na uifute. Ile inayobaki kwenye mikunjo ndiyo inayoifanya chembe ionekane chuma.

Usitumie ile sponji nyeupe nyepesi inayokuja na televisheni. Rangi ya kupuliza huila. Utabaki na kitu kama ugali ulioungua.

Zungusha kitambaa kwenye bomba kwa gundi nyeupe, lipake rangi ya kahawia. Mkuki wa namna hii unagusa, hauchomi. Hata hivyo, jukwaani usirushwe kwa mtu. Mrushaji anarusha nyuma ya pazia, na mkuki wa pili unaonekana umesimama upande wa pili.

Kanuni za dadu zikoje?

Dadu mbili za pande sita. Kurusha mkuki wa kawaida kwa mtu aliye ndani ya mita 30 unahitaji 8 au zaidi, ambayo ni nafasi 15 kati ya 36, karibu asilimia 42. Ngojaumande wenye masharti yote matatu haurushiwi dadu. Umefika, basi. Dadu zinarushwa kwa ajili ya jina: kama mchezaji hana uhakika na jina alilonunua, msimamizi anarusha kwa siri, na 9 au zaidi ndiyo jina la kweli. Hiyo ni nafasi 10 kati ya 36, asilimia 28 hivi. Jina likiwa la uongo, mkuki unaruka kama wa kawaida, lakini ganzi inakuja vilevile.

Kila kitendo cha mikono miwili wakati wa ganzi hutolewa 2 kwenye jumla. Aliyehitaji 8 sasa anahitaji 10, nafasi 6 kati ya 36. Wachezaji huona hii ni ndogo mpaka wajaribu kufunga kamba ya daraja.

Huu si mkuki wa Mkwawa umebadilishwa jina?

Hapana, na tunaomba usichanganywe. Mkwawa, mtawala wa Wahehe, ni historia. Tarehe 17 Agosti 1891, pale Lugalo, jeshi la Wahehe, wengi wao wakiwa na mikuki na ngao, liliuvamia msafara wa Wajerumani ulioongozwa na Emil von Zelewski, naye akauawa. Kalenga, ngome yake, ilianguka 1894, Mkwawa alijiua mwaka 1898, na fuvu lake lilirejeshwa 1954. Lipo kwenye makumbusho ya Kalenga.

Kinachofaa kujifunzwa Lugalo kwa mwandishi wa mikuki ni umbali. Bunduki inashinda mkuki kwenye mita mia mbili. Kwenye vichaka, msafara ukiwa umenyooka njiani na adui akitokea hatua chache pembeni, hakuna muda wa kupakia. Hakukuhitajika ajabu. Ukiandika vita vya Kilindimo, fikiria kwanza nani kajificha wapi.

Kuna neno "uchawi" kwenye mchezo? Shule yetu ina wasiwasi.

Wasiwasi wao una msingi. Uchawi kwetu si neno la kuchezea, na Tanzania ina Sheria ya Uchawi, Sura ya 18. Kilindimo hutumia neno "ajabu". Hakuna mganga, ramli wala dawa inayochemshwa. Msitumie pia majina ya mizimu, ya koo, au ya misitu ya matambiko iliyopo kweli Rungwe, Iringa au kwingineko. Mnaweza kubuni jina la mlima kwa dakika mbili, kwa hiyo hakuna sababu ya kukopa la mtu anayeliheshimu.

Niandike "Ngojaumande ulirudi" au "alirudi"?

Msimulizi aandike "ulirudi", kwa sababu ni mkuki na ngeli yake ni ya u na i. Wahusika wana uhuru wao. Anayeuogopa husema "unakuja". Aliyeumiliki muda mrefu, ambaye mkono wake umekaa na ganzi siku nyingi akiusubiri mlangoni, huanza kusema "anakuja", na msomaji makini atalishika hilo bila kuambiwa. Tumia mara moja kwenye hadithi nzima.

Nawezaje kuusafirisha kwenye basi kutoka Mafinga hadi Mbeya?

Wa jukwaani: chembe ifungwe kwa kanga, juu yake boksi, uwekwe kwenye buti juu ya mizigo, si chini ya magunia ya viazi. Sponji iliyolaliwa saa nne hairudi kwenye umbo. Ikishajikunja, ipashe kwa mvuke wa sufuria huku umeinyoosha, iache ipoe kati ya vitabu viwili, halafu rudia rangi pale ilipopasuka. Wa chuma: mwonyeshe kondakta kabla ya kupakia, ncha ikiwa imefungwa.